Kabla ya kupanda baiskeli kwenda vijiji vya Hoi An: mambo ya kuzingatia

Mama anayetengeneza bánh tráng, vile vichapati vyembamba vya mchele, pembezoni mwa mji wa Hoi An nchini Vietnam, huwasha moto kabla hakujapambazuka. Mchele uliolowekwa na kusagwa ukawa uji mwepesi anautandaza kwa mgongo wa upawa, duara juu ya duara, kwenye kitambaa kilichowambwa mdomoni mwa sufuria ya maji yanayochemka. Anafunika kidogo tu. Akifunua, anapitisha kijiti cha mwanzi chini yake, anakibandua kizima kama ngozi ya kitunguu, anakilaza juu ya chanja na kukitoa nje. Anashindana na jua, kwa sababu kisipokauka siku hiyo hiyo kinaharibika. Ukifika saa 5 utakuta chanja zimejaa uani na mwenyewe amejilaza kwenye machela yake.

Kwa hiyo jambo la kwanza ninalomwambia kila anayeniuliza kuhusu ziara ya baiskeli katikati ya Vietnam ni hili: jifunze saa za kijiji, kisha panga safari yako kuzifuata. Chagua ziara inayoondoka saa 12 au saa 1 asubuhi. Zile za saa 3 zinauzwa sana kwa sababu watu wanapenda kulala, lakini zinakupitisha mbele ya kazi zilizokwisha. Kumbuka pia kwamba Vietnam iko mbele ya Afrika Mashariki kwa saa 4. Saa 11 alfajiri ya Hoi An ni saa 7 ya usiku Dar es Salaam na Nairobi, na mwili wako utaidai. Fika siku mbili kabla, ulale, uzoee jua la pale, ndipo uguse baiskeli.

Hoi An ni mji mdogo kando ya mto Thu Bon, kama kilomita 30 kutoka uwanja wa ndege wa Da Nang. Mji wake wa kale uliingia kwenye orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 1999, na wageni wengi huishia humo kupiga picha za taa za hariri. Ramani za zamani zitakuonyesha mkoa wa Quang Nam, ila tangu Julai 2025 mkoa huo umeunganishwa na Da Nang, usishangae kuona majina mawili. Vijiji vya mafundi vimeuzunguka mji: Tra Que wanalima mboga na viungo, Thanh Ha ni wafinyanzi, Kim Bong ng'ambo ya mto ni maseremala ambao mikono ya mababu zao imo katika nyumba za mbao za mji wa kale, na ukisonga zaidi, Duy Vinh, unakuta wafumaji wa mikeka. Ardhi ni tambarare kabisa. Ziara ya nusu siku haichoshi hata mtu ambaye hajaendesha baiskeli miaka 10. Kinachochosha ni joto.

Majira nayo yana neno. Februari hadi Aprili ndiyo miezi ninayoipendekeza, mvua zimekwisha na jua halijakaza. Juni hadi Agosti kunachoma, joto hupita nyuzi 35, na hapo kuondoka alfajiri ni lazima. Oktoba na Novemba ni miezi ya mafuriko, mto hupanda hadi watu wa mji wa kale wakatembea kwa mitumbwi barabarani. Usikate tiketi miezi hiyo kwa ajili ya baiskeli. Angalia pia tarehe za Tết, mwaka mpya wao unaofuata mwezi mwandamo, ambao huangukia Januari au Februari. Mafundi hurudi kwa familia zao, na karakana nyingi hufungwa kwa siku kadhaa.

Karatasi za safari ni nyepesi kuliko watu wanavyodhani. Tangu Agosti 2023 Vietnam inatoa viza ya mtandaoni kwa raia wa nchi zote, ya hadi siku 90, kwa dola 25 ukiingia mara moja na dola 50 ukitaka kuingia na kutoka. Omba kwenye tovuti ya serikali yenyewe, maana zipo nyingi zinazofanana nayo zinazotoza mara tatu. Cheti cha chanjo ya homa ya manjano kiwe ndani ya pasipoti. Kata na bima inayotaja kuendesha baiskeli waziwazi. Kuhusu fedha, dong ina sifuri nyingi, na noti ya 20,000 na ile ya 500,000 zote ni za rangi ya bluu. Zitenganishe mifukoni tangu hotelini, kwa sababu kwenye kibanda cha juisi ya miwa, jasho likikuingia machoni, ni rahisi sana kutoa kubwa ukidhani ni ndogo.

Sasa mwongozaji. Usimchague kwa bei peke yake. Muulize kundi lina watu wangapi. Wakizidi 8, nusu yao watakuwa wanatazama migongo ya wenzao ndani ya karakana ndogo. Muulize fundi analipwa nini kila wageni wanapomtembelea, au anategemea tu mtu anunue. Mwongozaji mwema hujibu swali hilo bila kuzunguka, na mimi jibu lake ndilo huniamulia. Muulize mwisho kama mnaweza kukaa sehemu moja muda mrefu mkiipenda, mkaruka nyingine. Vituo 3 vya kukaa vinazidi 7 vya kupita. Ziara huendeshwa kwa Kiingereza au Kifaransa, kwa hiyo ukisafiri na mzazi anayejua Kiswahili tu, mwambie mwongozaji mapema atumie sentensi fupi akupe nafasi ya kutafsiri.

Baiskeli ikaguliwe jioni ya kuamkia safari, isiwe asubuhi yenyewe. Mara ya kwanza mimi sikukagua. Nilipewa yenye tandiko lililokwama chini, na kufika kilomita ya 10 magoti yalikuwa yananiuma kiasi cha kunisahaulisha kule nilikokuwa nakwenda. Ukikaa, mguu ukiwa kwenye pedali ya chini kabisa, goti libaki limekunjika kidogo tu. Bana breki zote mbili, zungusha kanyagio usikie mnyororo, bonyeza tairi kwa kidole gumba. Na vyombo vya Vietnam hupita kulia. Msomaji wa Bujumbura, Kigali au Bukavu hana tatizo, lakini sisi wa Tanga, Mombasa na Kampala shingo zetu zimezoea kugeukia upande mwingine. Penye makutano simama kabisa, angalia pande zote mara mbili. Pikipiki zitakuzunguka zenyewe almuradi uende polepole na usishtuke ukasimama ghafla. Msimu wa mavuno utakuta mpunga umeanikwa juu ya lami, nusu ya barabara. Usiukanyage. Zunguka, hata kama wenyeji wenye pikipiki wanapita juu yake.

Mavazi: shati la pamba la mikono mirefu, suruali au sketi isiyonasa kwenye mnyororo, kofia ngumu, na chini yake kitambaa cha kunyonya jasho. Maji lita moja na nusu kwa nusu siku, na usiogope kusimama ununue madafu. Beba mfuko wa plastiki wa simu na karatasi za chooni. Mbwa wa vijijini hubweka, wengi hawana neno, ila ukiumwa hata kidogo osha jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka dakika 15, kisha nenda hospitali siku hiyo hiyo kwa chanjo ya kichaa cha mbwa.

Chakula kinahitaji maandalizi kuliko yote, hasa kwa Muislamu na kwa mwenye mzio. Nguruwe yumo katika vyakula vingi vya Hoi An hata pale usipomwona. Cao lầu, tambi nene za mji huo, huliwa na vipande vyake. Mì Quảng, tambi za manjano zenye karanga juu, huja na kamba au kuku, lakini supu inaweza kuwa imechemshwa na mifupa ya nguruwe, na mafuta ya kukaangia yakawa yake. Kumwambia mwongozaji kwamba huli nyama ya nguruwe hakutoshi. Mwambie supu na mafuta pia, umwambie siku ya kuweka nafasi ili mwenye nyumba asiaibike mezani. Andika kwenye simu "Tôi không ăn thịt heo" uonyeshe. Njia salama zaidi ni neno chay, chakula kisicho na nyama wala samaki. Wabudha wengi hukila siku ya 1 na ya 15 ya mwezi mwandamo, na vibanda vya quán chay vipo siku zote. Mwenye mzio wa karanga aandike đậu phộng. Penye pombe ya mchele utakaribishwa kikombe. Kuweka mkono kifuani na kutabasamu kunatosha, hakuna atakayekasirika. Na ukipata bánh đập, kichapati kibichi kilichobanwa ndani ya kikavu kilichochomwa, kipige kwa kiganja mpaka kivunjike kabla ya kuchovya. Ndivyo jina lake linavyosema. Ule mchuzi wake wa dagaa waliochachuka una harufu kali, onja kwanza kwa ncha ya kidole.

Mtu wa pwani ana faida moja hapa ambayo wageni wengine hawana. Wavietnam, kama sisi, wana neno la mpunga, neno la mchele na neno la wali: lúa, gạo, cơm. Na katika mazungumzo hakuna "wewe" tupu. Kuna bà kwa bibi, cô kwa shangazi au mwalimu wa kike, chú kwa baba mdogo, anh na chị kwa kaka na dada. Jifunze haya matano kabla ya kuondoka nyumbani. Usimsalimie mzee kwa xin chào ya vitabuni. Sema "chào bà", uinamishe kichwa kidogo, uvue viatu mlangoni bila kusubiri kuambiwa. Kitu upokee kwa mikono miwili. Picha uombe kwanza.

Duy Vinh ndiko ningekuomba utenge saa nzima. Mkeka wetu wa ukindu husukwa ukili mrefu kisha ukashonwa. Wao hufuma mkeka mzima kwa pamoja, wanawake wawili kwenye fremu iliyo karibu na sakafu. Mmoja ana fimbo ndefu nyembamba. Anaipachika unyasi mmoja wa majimaji, jamii ya ndago, uliotiwa rangi nyekundu au kijani, anausukuma katikati ya nyuzi hadi upande wa pili. Mwenzake anavuta ubao mzito wenye matundu, tap, unyasi unabanwa. Hawatazamani. Ukiruhusiwa kushika fimbo utaona unyasi wako unakatika wa kwanza, wa pili, wa tatu, na bibi anakupa wa nne bila kusema neno. Njoo na nguo unayoweza kuketi nayo sakafuni.

Tra Que nenda alfajiri au saa 10 jioni, wanapomwagilia kwa madebe mawili ya mzegazega begani. Udongo wao hulishwa majani yanayovunwa majini, na mnanaa wake una harufu utakayoikumbuka. Mwaka 2024 shirika la utalii la Umoja wa Mataifa lilikitaja miongoni mwa vijiji bora vya utalii, kwa hiyo kimejaa. Boti za kikapu, zile za mviringo zilizofumwa kwa mwanzi, za kijiji cha Cam Thanh, kwenye minazi ya majini, zina muziki mkubwa mchana. Kama unazitaka, ziwe za kwanza asubuhi, na vaa boya.

Ukinunua, nunua kinachobebeka. Mkeka hukunjwa, chungu cha Thanh Ha kifungwe ndani ya nguo kwenye begi la mkononi. Usivutane bei na aliyekaa juani tangu alfajiri.

Usiku wa kuamkia safari mtumie mwongozaji ujumbe kuhusu hali ya hewa. Ikitabiriwa mvua, mwombe aanze na seremala wa Kim Bong na mfinyanzi, ambao wako chini ya paa, na bánh tráng isogezwe siku ya jua.