Benki ikiuza ploti unayoishi: mpangaji ajipange vipi (Kenya)

Wengi wetu hujua nyumba ina shida siku tunakuta karatasi imebandikwa getini, ama watu watatu wanapiga picha ngazi na keateka anasema ati ni watu wa maji. Mimi ilinipata siku mbili baada ya kulipa rent. Kwa hivyo hii somo ni ya mpangaji, landlodi ana wakili wake.

Hatua ya 1: usikimbie. Benki haiamki tu asubuhi ikauza. Landlodi aliyekopa akaweka ploti rehani, akikaa mwezi mmoja bila kulipa mkopo ndio inaweza kumpa notisi ya miezi 3, akinyamaza inampa nyingine ya kuuza, siku 40, hizo ziko kwa Sheria ya Ardhi ya 2012, vifungu vya 90 na 96. Halafu dalali naye anampa siku 45 za kukomboa mali na mnada unatangazwa gazetini siku 14 kabla. Zikifuatana hivyo ni kama miezi 7. Sasa mtu akikuja leo aseme hameni kesho benki imechukua nyumba, mwambie atoe karatasi.

Hatua ya 2: soma hiyo karatasi. Kifungu cha 96 kinasema nakala ya notisi ya kuuza wapewe pia wapangaji walio kwa jengo, na ibandikwe mahali inaonekana, kwa hivyo kukuficha si haki. Piga picha, andika jina la dalali, siku ya mnada na nambari ya taito. Ukiwa na hiyo nambari fanya sachi (kuangalia rekodi ya taito) kwa Ardhisasa, mtandao wa ardhi wa serikali, au ofisi ya ardhi uone mkopo ulisajiliwa lini.

Hiyo tarehe ni muhimu sana. Kama ulikuwa na mkataba kabla ya mkopo, benki iliikuta nyumba na wewe ndani. Kama uliingia baadaye, landlodi hakuwa na ruhusa ya kukodisha zaidi ya mwaka mmoja bila idhini ya maandishi ya benki, na hapa ndio wenye maduka wanaumia, wale wa mikataba ya miaka 5 na miezi 3, mtu ameweka tailsi na kaunta ya laki kadhaa na hakuna siku aliuliza benki ilisema nini.

Hatua ya 3: rent unalipa nani? Yule yule wa zamani, mpaka upate notisi ya maandishi. Benki inaweza kuteua risiva wa kukusanya rent, au yenyewe ikuandikie uilipe badala ya landlodi. Ukishapata hiyo, ukiendelea kutuma kwa landlodi unaweza kulipa mara mbili. Kabla ya kubadilisha peibili pigia benki kwa namba ya tawi lao, si ile iko kwa karatasi. Na usiache kulipa kabisa ati kwa sababu wakubwa wanapigana, ukiacha umewapa sababu safi ya kukutoa.

Hatua ya 4: dipoziti. Hii ndio hupotea. Pesa alishika landlodi na mnunuzi atakwambia hajui habari yake. Ongea na landlodi mapema, akubali kwa maandishi dipoziti iwe rent ya mwezi wa mwisho, hata meseji ya WhatsApp ni bora kuliko maneno ya kwa ngazi. Wangu alikataa, nikabaki kumfuata miezi mingi.

MASWALI

*Mama Kibanda:* Mnada ulikuwa jana, leo kuna jamaa anasema yeye ndio landlodi mpya nimlipe. Nifanyeje?

Pole mama. Nyundo ikigonga mnunuzi kwa kawaida anatoa 25% ya bei na salio ana kama siku 90, na wengine hushindwa. Mwambie akuonyeshe taito kwa jina lake au barua ya benki. Mpaka hapo endelea kama jana, na weka risiti zote.

*Jirani wa Tatu:* Mimi ni wa mwezi kwa mwezi, sina mkataba wowote. Niko na haki gani boss?

Risiti za M-Pesa za kila mwezi zinaonyesha wewe ni mpangaji. Mwenye nyumba mpya akitaka utoke akupe notisi ya maandishi isiyopungua mwezi. Akifunga mlango au atoe mabati juu, piga ripoti polisi uchukue nambari ya OB (kitabu chao cha ripoti), kisha tafuta wakili.

*Kinyozi254:* Na sisi wa maduka?

Kama huna mkataba wa maandishi, au unao wa miaka 5 kushuka, kwa kawaida unalindwa na ile sheria ya maduka na hoteli: notisi ya miezi 2 kwa fomu maalum, na ukipinga unaenda kwa Tribunali ya majengo ya biashara kabla hiyo notisi haijaisha. Wewe umesaini ya miaka mingapi?

*Kinyozi254:* 5 na miezi 3 😭

Hiyo imepita 5, kwa hivyo huenda ile sheria haikulindi. Basi toa huo mkataba leo umpelekee wakili, na ukienda ubebe sachi.