Somo: Kutunga muziki wa filamu fupi kwa ilimba na kinanda

Ilimba ni ala ya Wagogo: vijiti vya chuma juu ya kisanduku, hupigwa kwa vidole gumba. Tuchukue filamu ya kubuni: kijana wa Hombolo kauza kwa siri shamba la zabibu la baba yake, na leo mzee kajua.

Hatua ya 1: Tazama, kinanda kikiwa kimezimwa. Kisha kaa na mwongozaji, mkubaliane muziki uingie wapi na utoke wapi. Kwenye sini ya ugomvi kila mtu atakwambia weka ngoma. Mimi siweki. Mzee anafoka, inatosha. Zeze nalo lina sauti inayokaribiana na ya mtu, watagombania nafasi. Muziki nauingiza baadaye, mzee kanyamaza, ananawa mikono, maji yanadondokea beseni. Hapo ndipo mtazamaji ana sikio la kusikia asichosema mzee.

Hatua ya 2: Mwendo. Tuseme mlango unabamizwa sekunde 34.5 baada ya muziki kuanza. Zidisha sekunde hizo kwa mapigo ya muziki wako kwa dakika, gawa kwa 60. Kwa mapigo 80 unapata 46 kamili, mlango umeangukia pigo. Kwa 78 unapata 44.85. Kukosa kidogo namna hiyo kunakera kuliko kukosa kabisa.

Hatua ya 3: Rekodi ilimba kwanza. Ilimba ya Kigogo haikutuniwa kama kinanda. Ina noti moja inayokaa chini ya ile ya kinanda kwa karibu theluthi ya nusu toni (nusu toni ni hatua kati ya kibonyezo kimoja cha kinanda na kinachokifuata). Sikiliza rekodi za marehemu Hukwe Zawose, mwanamuziki wa Kigogo, utaielewa. Ukiinyoosha kwa programu umeiua. Kinanda ndicho kiifuate, au kiikwepe noti hiyo. Na ule mkoromo wa utando wa buibui kwenye tundu za kisanduku si kelele, usiufute! Kama unarekodia nje, wahi alfajiri. Upepo wa Dodoma ukishaamka, maiki haifai kitu.

Hatua ya 4: Toa faili za 48 kHz (kiwango cha sauti kinachotumika kwenye filamu), kila ala peke yake. Basi.

MASWALI

Mwanachama, Mpwapwa: Mkuu, mwongozaji kaweka wimbo wa msanii mwingine kwenye sini, anataka "kama huu huu". Nifanyeje?
Jibu: Muulize anapenda nini humo: mwendo, ala, au huzuni yake? Chukua hilo moja, wimbo wenyewe uutoe kwenye filamu, kisha tunga. Ukiunakili, Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inakuhusu.

Mwanachama, Kongwa: Nina simu na ilimba ya babu tu. Naweza?
Jibu: Unaweza. Zima mtandao, funga madirisha, tandika blanketi mezani, simu ikae kama shubiri mbili kutoka kwenye tundu. Piga taratibu, ukikandamiza, simu inapasua sauti.

Mwanachama, Chamwino: Nataka ngoma ya muheme ya akina mama wa kijijini kwetu. Nirekodi tu wakiwa kwenye sherehe?
Jibu: Hapana kaka. Waone kabla, waeleze ni ya filamu, mkubaliane malipo na muandikishane. Majina yao yatokee mwishoni mwa filamu, pamoja na lako.