Mgeni wako Kigoma atembee na sauti yako

Ukipata mgeni Kigoma na huna nafasi ya kumzungusha, mrekodie maelezo kwa simu umtumie WhatsApp. Kila kituo kiwe na klipu yake, dakika mbili zinatosha. Klipu moja ndefu ni usumbufu, kuitafuta sehemu aliyoishia ni kazi. Azipakue kabla hajatoka, bando lisije likamwishia njiani.

Aanzie juu, Mwanga, asubuhi kabla jua halijakomaa, ateremke na Barabara ya Lumumba mpaka stesheni. Hapo ndipo uongee kwa kirefu: Reli ya Kati ilifika mwaka 1914, na meli iliyoundwa Ujerumani ikaletwa vipande vipande kuja kuungwa hapa. Mwaka 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha. Waingereza wakaiibua 1924, na tangu 1927 inaitwa Liemba. Klipu hii aifungue akishaliona ziwa.

Asikilize kwa sikio moja, lingine liwe la bodaboda. Bandarini aulize kwanza kabla ya kupiga picha. Ujiji, walikokutana Livingstone na Stanley mwaka 1871, ni mbali kwa miguu, apande daladala.