Kamera yako isiruke ukuta wa jirani

Yule mama alikuwa anafua. Mimi nilikuwa juu ya ngazi upande wa pili wa ukuta, drili nimeibana kwapani, nimebakiza skurubu moja. Akaniangalia, akaiangalia kamera, akaniangalia tena.

"Fundi, hicho kijicho kinaangalia wapi?"

"Getini, mama."

"Geti liko huku mbele. Mbona chenyewe kimenikodolea mimi?"

Nikamwambia asiwe na wasiwasi, ndivyo kamera zilivyo, zinaonekana kama zimegeuka. Nikakaza skurubu, nikashuka, nikalipwa. Hiyo ilikuwa Tabata, mwaka wangu wa pili tangu niache kufunga umeme wa nyumba nikahamia kwenye kamera. Siku ya tatu mteja akanipigia: jirani amemleta mjumbe, njoo.

Tukakaa sebuleni, mjumbe, mteja, mume wa yule mama na mimi, mbele ya televisheni ya inchi 32. Picha ya tatu ilionyesha nusu geti. Nusu nyingine ilikuwa uani kwa watu: kamba ya nguo, jiko la mkaa, na bafu la mabati lisilo na paa. Tukiwa tunatazama, binti akatoka bafuni amejifunga kanga, ndoo mkononi. Hakuna aliyesema neno. Mjumbe, mtu mzima yule, aliinuka akasimama mbele ya televisheni, akaiziba kwa mwili wake mpaka mteja alipopata rimoti.

Tangu siku hiyo nafunga kamera kwa namna nyingine, na ndiyo nitakayokueleza. Unaweza kuifuata ukifunga mwenyewe, au ukimsimamia fundi wako.

Kwanza jua unalinda nini

Zamani kamera zilikuwa za benki, hoteli na nyumba za Masaki. Leo Mangi wa Mbagala anazo mbili dukani, na Kariakoo utazikuta zimepangwa pamoja na chaja za simu. Ipo hadi ya kuchomeka kwenye soketi ya balbu, inazunguka kichwa kama bundi. Bei ikishuka hivyo watu hununua kwanza, halafu ndipo wanatafuta pa kuziweka. Hapo ndipo kamera ya nne, iliyokosa kazi, inapoishia kuelekezwa kwa jirani.

Chukua karatasi, zunguka nyumba yako, andika vitu vinavyoweza kuondoka: pikipiki, vioo vya pembeni vya gari, mtungi wa gesi, pampu ya kisima, mita ya maji. Utagundua karibu vyote viko ndani ya ukuta wako. Kwa hiyo kamera haina sababu ya kutazama nje, ukiacha geti.

Wateja wengi wanataka kamera ifungwe juu kabisa chini ya bati, itazame mbali. Kutoka huko juu utampata mwizi kofia na mabega, na utampata jirani uwanja wake mzima. Mimi hufanya kinyume. Nyingine naifunga kwenye ukuta wa uzio, ndani, ikiitazama nyumba. Ya geti naishusha kwenye nguzo, usawa wa juu kidogo ya kichwa cha mtu mrefu, ikikata mlango kwa pembeni, ili anayeingia aache sura yake. Zilizobaki mita 2.5 mpaka 3 zinatosha.

Panda na simu kabla ya drili

Hii ndiyo hatua ambayo mafundi wengi wanairuka, na haichukui hata dakika kumi. Panda ngazi ukiwa na simu. Ishike pale pale kamera itakapokaa, iinamishe utakavyoiinamisha kamera, piga picha. Kama simu yako ina ile 0.5 ya kupanua picha, itumie, kwa sababu inakaribiana na lenzi ya milimita 2.8, ambayo ndiyo imejaa madukani. Shuka, kaa kivulini, ikuze picha kwa vidole. Unaona dirisha la nani? Mlango wa choo cha nani? Ukiona kamba ya nguo ambayo si yako, badilisha sehemu.

Lenzi nazo uzijue. Ya milimita 2.8 inaona upana wa zaidi ya nyuzi 100, yaani inakusanya kila kitu. Ya 4 inaona kama nyuzi 80. Ya 6 inabaki na kama 50, nzuri kwa kichochoro au njia ya gari, na humwacha jirani nje kabisa. Muuzaji atakupa 2.8 bila kukuuliza. Sema unataka ipi.

Kwetu nyumba zimebanana, na pengine hata ufanyeje kona ya jirani inaingia. Hapo fungua mipangilio ya DVR, ile mashine ya kurekodia, tafuta sehemu ya kuficha eneo. Unachora kisanduku cheusi juu ya dirisha la mwenzako, na kuanzia hapo eneo hilo halionekani wala halirekodiwi. Mashine nyingi za kawaida zinacho, lakini sijawahi kukuta mteja aliyeambiwa kuwa kipo. Kwa kamera ya kuzunguka usitegemee hicho kisanduku. Ikigeuka, pazia linaweza kubaki nyuma.

Halafu zima kinasa sauti. Watu wanahangaika na picha na kusahau kwamba sauti hairuki ukuta, inapita tu. Ugomvi wa mke na mume, mtu anayesali usiku, mtu anayeongea na daktari kwenye simu kibarazani, vyote vinaingia kwenye diski yako. Mwizi wa pampu haibi kwa kuongea.

Kuna mzee mmoja wa Manzese alitaka kamera kwenye korido ya nyumba ya kupanga, vyumba sita, milango inatazamana. Nikamwamkia, nikamuuliza kumeibiwa nini. Hakuna kilichoibiwa. Alitaka kujua nani analala kwa nani, na nani ameongeza mtu chumbani bila kumwambia. Akasema, "Mwanangu, nyumba si yangu?" Nikamjibu nyumba ni yako baba, ila chumba umeshakipangisha. Nilimfungia ya mlango mkubwa tu, na wapangaji wote wakaonyeshwa ilipo. Hakufurahi. Nadhani baadaye alimpata fundi mwingine.

Nywila, na mimi mwenyewe

Hapa nakiri kosa. Kwa muda mrefu niliwawekea wateja wangu wote nywila moja, ili wakinipigia usiku nisihangaike kukumbuka. Programu ya kutazamia ilikuwa kwenye simu yangu na ya kijana niliyekuwa nafanya naye kazi. Siku moja tuko kwa mama ntilie Kariakoo, wali maharage mezani, kijana anacheka peke yake na simu. Akanigeuzia kioo: sebule ya mteja wetu wa Kijitonyama, mama wa watu yuko kwenye kochi, nywele kafumua, anakula embe na kujifutia kwenye dera. "Dada, huyu kila saa saba yupo hapa," akaniambia, kama anayenisimulia tamthilia. Chakula kilinishinda. Nilitumia wiki nzima kuwazungukia wateja kubadilisha nywila, na wengine sikuweza kuwaeleza kwa nini.

Na usidhani ni mambo ya mafundi wa Kariakoo peke yao. Mwaka 2023 kampuni ya Ring ya Marekani, iliyo chini ya Amazon, ilikubali kulipa dola milioni 5.8 baada ya Tume ya Biashara ya huko kuituhumu kwamba iliwaachia wafanyakazi wake waangalie video za wateja, zikiwemo za wanawake vyumbani kwao.

Wateja huniuliza sana kama Wachina wanawaangalia. Wamesikia kwamba Marekani mwezi Novemba 2022 ilizuia vibali vya vifaa vipya vya Hikvision na Dahua, zote mbili za Hangzhou, na kwamba Uingereza mwezi huo huo iliziambia wizara zake ziache kufunga kamera za kampuni za Kichina kwenye majengo nyeti. Ni kweli, na serikali zina hesabu zao. Ila wewe wa Kimara, ambaye nywila yako ni 123456, huna haja ya kuvuka bahari kumtafuta anayekuangalia. Mwaka 2016 kirusi kilichoitwa Mirai kilipita duniani kikijaribu orodha fupi ya nywila za kiwandani kwenye kamera na mashine za kurekodi. Kilikusanya vifaa vingi kiasi kwamba mwezi Oktoba Twitter na Netflix zilikuwa hazifunguki kwa saa kadhaa kwa watu wengi. Wenye zile kamera hawakujua lolote, walikuwa wamelala.

Kwa hiyo fundi akimaliza, fanya hivi akiwa bado anakunywa maji. Akaunti ifunguliwe kwa namba yako, kwenye simu yako. Nywila andika wewe, yeye ageukie ukutani. Ingia kwenye orodha ya waliopewa ruhusa ya kutazama, ondoa usiyemjua. Ile stika yenye msimbo chini ya DVR usiipige picha ukaituma kwenye kundi. Programu ikisema kuna toleo jipya la mfumo wa kamera, kubali. Na siku ukiuza simu au ukiachana na mtu aliyekuwa nayo programu hiyo, badilisha nywila kabla jua halijazama. Simu za usiku za watu walioachana nimezipokea za kutosha.

Kamera ya ndani ni shauri lako, ila isiwe chumbani kwa dada wa kazi, na hizo za sebuleni na jikoni aonyeshwe siku ya kwanza.

Picha zikae siku ngapi

Kamera ya megapikseli 2, ikirekodi muda wote kwa kasi ya megabiti 2 kwa sekunde, inakula kama gigabaiti 21.6 kwa siku. Nne zinakula 86 na ushei. Diski ya terabaiti 1 itakupa kama siku 11, halafu inaanza kufuta za zamani. Watu wanataka miezi mitatu. Ya nini? Pampu ikiibiwa utajua asubuhi maji yasipopanda. Wiki mbili zinatosha nyumba ya kawaida.

Mwizi akinaswa, hifadhi kipande hicho kwenye flashi, nenda kituo cha polisi ukachukue RB, ile namba ya taarifa yako, kiwe ushahidi. Usikirushe kwenye kundi la WhatsApp la mtaa. Niliwahi kuona video ya kijana akiruka ukuta wa mteja wangu saa kumi na mbili jioni, imezungushiwa duara jekundu, imeandikwa "MWIZI HUYU HAPA". Kijana alikuwa ametumwa na mtoto wa nyumba hiyo hiyo aokote mpira. Ilibidi ahamie kwa shangazi yake Chanika kwa wiki kadhaa, maana unajua neno hilo Dar linavyoweza kummaliza mtu kabla gari la polisi halijatokea.

Sheria ipo, tusijifanye hatujui. Ibara ya 16 ya Katiba inampa kila mtu hifadhi ya nafsi yake, maisha yake binafsi, familia na unyumba wake, pamoja na maskani yake. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ni ya mwaka 2022, ikaanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, na Tume yake ilizinduliwa Aprili 2024. Kama una duka, gesti, shule au ofisi, wewe ni mkusanyaji wa taarifa: jisajili kwenye Tume, uwe na sababu inayoeleweka ya kurekodi, na uwajulishe watu. Kibao kidogo mlangoni, "Hapa kuna kamera", kwa herufi zinazosomeka. Nyumbani pia kiweke. Vibaka nao wanasoma.

Madogo madogo: Kigamboni na Mbezi Beach tumia skurubu zisizoshika kutu, hewa ya chumvi haina huruma. Usiielekeze kamera kwenye ukuta mweupe ulio karibu, usiku mwanga wa kamera yenyewe utarudi na kuipofusha. Pitisha fagio kila mwezi, buibui wanapenda lile joto. DVR iwekee UPS, ile betri ya kuishikilia umeme ukikatika.

Na ya mwisho kabla hujarudisha ngazi: mwite jirani aje aone. Kule Tabata, baada ya mjumbe kukaa, nilipanda tena ukutani, nikamwomba yule mama aingie sebuleni kwa mteja, akae mbele ya televisheni, anielekeze mwenyewe. Dirisha lilikuwa wazi, namsikia.

"Shusha. Shusha tena. Bado naona kamba yangu."

Nikashusha.

"Kulia kidogo. Sasa naona geti lenu na mbwa wenu. Haya, kaza hapo."