Kufunga Ndoa Wazazi Wanapokataa: Njia ya Kisheria kwa Tanzania Bara

Radhi na ridhaa hutajwa pamoja mara nyingi, lakini ni mambo mawili. Radhi ya wazazi ni jambo la dini, la mila na la moyo, na hakuna mahakama inayoweza kuitoa wala kuilazimisha. Ridhaa ya ndoa ni jambo la sheria, na kwa mtu aliyetimiza miaka 18 ni ya wanandoa wenyewe peke yao. Kifungu cha 16 cha Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 kinataka kila upande ukubali kwa hiari, bila kumtaja baba, mjomba wala kikao cha ukoo. Kifungu cha 17, kinachodai ridhaa ya mzazi, kilihusu binti aliye chini ya miaka 18, na hata hicho kilitamkwa na Mahakama Kuu mwaka 2016 kuwa kinakwenda kinyume na Katiba, uamuzi ambao Mahakama ya Rufani iliuthibitisha mwaka 2019. Zanzibar ina utaratibu wake, kwa hiyo yanayofuata yasitumike huko.

Anza na nyaraka, kabla hujamtangazia mtu yeyote tarehe. Cheti chako cha kuzaliwa kikiwa kabatini kwa baba, omba nakala RITA, wakala wa serikali unaosajili vizazi na vifo. Kitambulisho cha taifa kiwe mkononi mwako mwenyewe. Aliyewahi kuoa au kuolewa aandae uthibitisho wa talaka au cheti cha kifo cha mwenzi wake.

Kisha amueni mtafunga ndoa wapi. Msikiti na kanisa vina masharti yao: sheikh atauliza walii wa bibi harusi, yaani mwanamume wa familia anayemwozesha, na paroko atataka mafundisho na matangazo. Walii akikataa bila sababu ya kidini, suala hilo hupelekwa kwa kadhi, na hiyo ni njia halali ambayo wengi huisahau kwa sababu ya hasira. Wasiopenda kupita huko, au wenye dini tofauti ambao kila mmoja anataka kubaki na yake, hufunga ndoa ya kiserikali, ile watu wanayoiita ya bomani, katika ofisi ya Mkuu wa Wilaya. Ndoa hiyo huchukuliwa kuwa ya mke mmoja.

Hatua inayofuata ndiyo yenye mitego. Mnapaswa kutoa taarifa ya kusudio la kufunga ndoa angalau siku 21 kabla, mkitaja majina, umri, makazi na hali yenu ya ndoa, pamoja na majina ya wazazi. Wengi hushtuka wanapofika kwenye majina ya wazazi, lakini kuwataja si kuwaomba ruhusa. Taarifa hiyo hutangazwa, na ndani ya muda huo mtu yeyote anaweza kuweka pingamizi. Familia isiyotaka ndoa haina kura ya turufu, ila ina siku hizo 21, nanyi mjiandae kwa ajili yake.

Pingamizi lazima liguse kizuizi kinachotambuliwa na sheria, kama vile undugu wa karibu uliokatazwa, ndoa nyingine inayoendelea, umri usiotimia, au mmoja wenu kulazimishwa. Kwamba kijana hana kazi, ni wa kabila lingine, au mshenga wake hakufika nyumbani, si kizuizi. Pingamizi likiwekwa, shauri huenda mahakamani na pande zote husikilizwa. Hapo vyeti vyako, na kauli yako mwenyewe kwamba umekubali kwa hiari, ndivyo vitakavyokutetea, kwa hiyo usikose kufika.

Mahari nayo huleta hofu isiyo na msingi. Kifungu cha 41 kinasema wazi kwamba ndoa iliyotimiza matakwa mengine ya sheria ni halali hata kama mila ya mahari haikufuatwa. Baba anaweza kuyakataa mahari, na asiweze kuibatilisha ndoa kwa sababu hiyo. (Kuyapeleka baadaye, mambo yakitulia, hakukatazwi, na nimeona kukirudisha watu mezani kuliko hoja yoyote ya kisheria.)

Siku yenyewe mnahitaji mashahidi wasiopungua wawili. Chagueni watu wasioweza kutishwa na simu ya shangazi usiku wa kuamkia harusi. Baada ya kutia saini, chukueni cheti cha ndoa na mkihifadhi mahali salama.

Upinzani ukivuka maneno, usiubebe peke yako. Kumfungia mtu mzima ndani ili asiende kuoa au kuolewa ni kosa la jinai, hata anayefungia akiwa mzazi. Ripoti kwenye Dawati la Jinsia na Watoto katika kituo cha polisi. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili anaweza kuomba msaada wa kisheria bila malipo kupitia mashirika kama TAWLA, chama cha wanasheria wanawake, au Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, na ni vyema kwenda huko kabla ya kutoa taarifa ya ndoa, si baada ya pingamizi kuwasili.