Ukiombwa uonekane kwenye dokumentari ya vijana wa Uswidi waliohamia Norwei

Mimi nimekulia Göteborg, wazazi wangu wa Tanga, na nilipofika miaka 20 nikapanda basi kwenda Oslo kutafuta kazi kama vijana wengine kibao wa Uswidi, sio mbali, ni kama kilomita 300 tu, na tangu 1954 nchi za Nordiki, yaani Uswidi, Norwei na jirani zao, zina soko moja la ajira kwa hiyo huombi kibali chochote, unafika unatafuta kazi. Mwaka wa pili watu wa dokumentari wakanifata. Nilikubali haraka mno, ndo maana naandika hii.

Kabla kamera haijatoka kwenye begi waulize wanataka kuonyesha nini hasa. Wanorwei wana jina la kijana wa Kiswidi, partysvenske, yaani yule wa kumenya ndizi kiwandani mchana na mshahara wote unaishia baa. Kumenya ndizi ni kazi halali na waliomenya hawana cha kuonea aibu, ila kama filamu inaitafuta hiyo picha peke yake bora ujue mapema. Mimi nilikuwa zamu ya usiku kwenye nyumba ya wazee, wao wakataka kunirekodi Ijumaa nikiwa baa. Nikawaambia sawa, lakini mje na asubuhi nikitoka kazini. Wakaja, na hicho kipande cha mimi nimesinzia kwenye tramu ndo mama anakirudia mpaka leo.

Kazini usiwaingize bila bosi kukubali kwa maandishi, na wazee au wagonjwa wasionekane kabisa kama hawajaridhia wenyewe. Fomu ya ridhaa soma yote, usisaini umesimama mlangoni, na vitu usivyotaka viguswe vitaje siku hiyo hiyo.

Siku ya kurekodi vaa nguo isiyo na mistari midogo midogo maana inacheza kwenye kamera. Jibu kwa sentensi kamili, sauti ya anayeuliza mara nyingi inakatwa, kwa hiyo ukiulizwa ulihama lini usiseme "2012", sema "nilihamia Oslo 2012". Watakuzimia friji kwa sababu ya mngurumo, kumbuka kuiwasha. Na ile maiki ya kwenye kola inasikia hata ukienda jikoni kunong'ona na simu, ivue kwanza jamani.

Halafu uliza itarushwa lini na upige simu nyumbani kabla. Nilisema mbele ya kamera kwamba niliacha chuo, nimezoea kusema hivo Oslo kila mtu anajua, kumbe baba alikuwa hajui, akasikia kwenye TV ameketi na wageni sebuleni. Alikaa wiki tatu hapokei simu yangu.