SOMO: Jinsi ya kutunga, kuongoza na kuigiza igizo la nyimbo ukiwa Moshi au Arusha (maswali yako chini)

Wakuu habari za jioni. Tangu Pasaka kuna watu wananiuliza pembeni namna ya kuandaa igizo la nyimbo, yaani lile ambalo stori inasogea kwa kuimba, sio lile la kuongea alafu kwaya inapanda wimbo mmoja watu wapumzike kidogo. Nimeona niandike mara moja kwa wote. Mi niko Moshi, nimeanzia kwaya ya kanisani kama wengi wetu huku, nikaigiza, nikaanza kutunga, sasa hivi kazi yangu kubwa ni kuongoza. Kuna sehemu ntarefusha, mnivumilie, ndo sehemu zinazoua maigizo mengi.

Kabla ya hatua zenyewe: kutunga, kuongoza na kuigiza ni kazi tatu, mtu mmoja anaweza kuzifanya zote kwenye maisha yake lakini sio zote siku moja. Mchukue Mbongeni Ngema wa Afrika Kusini. Alianza kama muigizaji kwenye kundi la maigizo la Gibson Kente, mwaka 1981 yeye na Percy Mtwa wakapanda jukwaani na igizo la Woza Albert!, watu wawili tu wanacheza nafasi kibao, baadae ndo akaja na Sarafina!, igizo la nyimbo ambalo aliliandika, akatunga nyimbo pamoja na Hugh Masekela, na akaongoza mwenyewe. Ikaanza Market Theatre pale Johannesburg mwaka 1987, mwaka uliofuata ikafika Broadway, zile kumbi kubwa za maigizo za New York. Nafasi ya Sarafina, mhusika mkuu, akampa binti, Leleti Khumalo, yeye akabaki kwenye kuongoza. Hiyo ya kubaki kuongoza ishike, ntairudia.

HATUA YA 1: Stori iseme nani anataka nini
Sentensi moja inatosha. Ya kwetu ilikuwa: mama mjane wa Kibosho hataki kihamba (shamba la ukoo lenye nyumba na makaburi) kiuzwe, mtoto wake wa kwanza yuko Dar ana madeni, anataka kiuzwe kabla ya Krismasi. Basi. Ukiona unahitaji nusu ukurasa kuelezea stori, bado haijaiva.

HATUA YA 2: Tafuta wapi pa kuimba
Andika skripti yote kwa maneno ya kawaida kwanza bila wimbo hata mmoja. Alafu isome kwa sauti na wenzio wawili watatu, na penseli mkononi. Utakuta kuna mahali sauti ya msomaji inapanda yenyewe au anakwama, maneno ya kuongea yanakuwa madogo kwa lile jambo. Weka alama hapo, wimbo uko hapo. Kwetu mama akimjibu mwanae "kaburi la baba yako nimuuzie nani?" msomaji alishindwa kuendelea, nikajua hapa haongei tena, hapa anaimba.

Kipimo kingine, wimbo ukiisha kila mtu akawa yuko palepale alipokuwa mwanzo, hakuna aliyeamua kitu, hakuna aliyejua kitu kipya, huo wimbo toa hata kama ni mtamu. Mimi nimetoa nyimbo nilizozipenda sana, inauma lakini igizo linapumua. Kwa igizo la saa moja na robo hivi nyimbo nane mpaka kumi zinatosha.

Na usisahau wimbo unaorudi. Tuni ileile kwa mdomo mwingine. Mtoto anaimba "nitarudi mama" akiwa stendi mwanzoni, mwisho mama anaimba tuni hiyohiyo akiwa amekaa peke yake na beseni la kahawa, hujabadilisha nota hata moja ila ukumbi mzima unasikia kitu kingine.

HATUA YA 3: Tuni na maneno
Hapa ntakaa kidogo.

Usianzie kwenye kibodi na biti za kiwandani. Anzia kwenye kitu kinachofanyika jukwaani. Wimbo wetu wa kwanza niliupata nyumbani kwa shangazi, alikuwa anamenya kahawa kwa ile mashine ya mkono, unazungusha gurudumu maji yanatiririka, inasema krrr-ta-ta, krrr-ta-ta, mtu akichoka inapungua mwendo, akipokewa na mwingine inapanda. Nikakaa pale karibu saa nzima na simu narekodi. Ule mwendo wa tatu tatu ndo ukawa mwendo wa wimbo, na jukwaani mama alikuwa anazungusha mashine ya kweli, kwa hiyo mpigaji ngoma alikuwa anamfuata mama, sio mama anaifuata ngoma. Watu wa Kibosho na Uru waliokuwa ukumbini walianza kutikisa vichwa kabla neno la kwanza halijaimbwa.

Sasa maneno. Kiswahili mara nyingi kinakaza silabi ya pili kutoka mwisho, kila siku unafanya hivyo bila kufikiria. Lakini ukitunga tuni kwanza alafu ukasukumia maneno ndani, mkazo unahama na mtu wa nyuma haelewi. Mfano mzuri ni barabara. Ukikaza ba-ra-BA-ra unaongelea njia ya magari, ukikaza ba-RA-ba-ra unamaanisha sawasawa, kabisa. Tuni yako ikipandisha silabi isiyo yake umebadilisha maana. Na ukiongeza kiambishi mkazo unasogea, ki-HA-mba inakuwa ki-ha-MBA-ni, kwa hiyo beti ya kwanza ikiishia na kihamba na beti ya pili ikaishia na kihambani kwenye nota zilezile, moja kati ya hizo italia vibaya. Tiba ni rahisi, sema mstari kwa kuongea mara kumi, piga meza kwa kidole pale sauti inapokaza, alafu ndo utafute nota ya juu au ndefu na uiweke palepale kidole kilipogonga.

Kingine, lugha yetu imetubariki kwa irabu, karibu kila silabi inaisha na mdomo wazi kwa hiyo nota ndefu zinakaa vizuri. Isipokuwa kwenye maneno kama mtu na nchi. Hapo silabi ya kwanza ni m au n tupu, na ndo inayobeba mkazo. Usimpe muimbaji nota ndefu ya juu kwenye "m" ya mtu, mdomo umefungwa, atasikika kama anaugulia. Geuza mstari hilo neno likae kwenye nota fupi ya chini.

HATUA YA 4: Sauti za watu ulionao
Tunga kwa koo za watu wako, sio za watu uliowasikia kwenye simu. Binti wa kawaida ambaye hajafundishwa atakuwa huru kuanzia A iliyo chini ya C ya katikati ya kibodi mpaka C inayofuata juu. Ukimpandisha zaidi ya hapo anaanza kupiga kelele na maneno yanapotea, na kwenye igizo maneno yakipotea stori imepotea. Vijana wa kiume wa miaka 13 mpaka 15 wape mistari mifupi, sauti zao zinavunjika, anaweza kuja Jumanne na sauti moja na Ijumaa ana nyingine.

Andika solfa (nota za do re mi kwa herufi), wanakwaya wengi wa huku wanaisoma. Wasioisoma rekodi kila sauti peke yake uwatumie kwenye simu.

HATUA YA 5: Mazoezi
Sisi tulikuwa watu 14, wiki tisa, Jumanne na Alhamisi saa 11 jioni na Jumamosi mchana. Wiki tatu za kwanza tulishika sauti tu bila kutembea, baada ya hapo nafasi za jukwaani, kucheza kukaja mwisho. Ukianza na kucheza watu watakuwa wanahema sio wanaimba. Na nauli ya daladala ipangie bajeti kabla ya mavazi, gauni zuri halimrudishi nyumbani binti anayetoka Himo.

HATUA YA 6: Toka jukwaani
Hii ndo nilisema ntairudia.

Igizo langu la kwanza kubwa nilitunga, nikaongoza na nikacheza yule mtoto wa Dar. Ilikuwa Aprili, ukumbi wa kukodi, bati tupu hauna dari, na mnajua masika ya Moshi. Wimbo wa tatu mvua ikashuka. Mimi niko mbele katikati, nikapandisha sauti, najisikia vizuri kabisa, nikajua tunaenda sawa. Tulipomaliza mama mmoja aliyekaa benchi la mwisho, binti yake alikuwa kwenye korasi, akanisubiri mlangoni akanishika mkono akaniambia taratibu, "Baba, wewe nimekusikia vizuri. Watoto nilikuwa naona midomo tu."

Nikailaumu mvua. Wiki iliyofuata nikaangalia video ya mazoezi ambayo mtu alirekodi akiwa nyuma, siku kavu kabisa, na ilikuwa vilevile. Ngoma nilikuwa nimeiweka mbele ya korasi kwa mikono yangu, na mimi nimesimama mbele ya ngoma. Wiki tisa nzima sikuwahi kukaa benchi la mwisho hata dakika tano. Wale mabinti waliimba kwa moyo wote, wamekosa shule ya jioni, wamegombana na wazazi, na hakuna aliyewasikia. Bado inaniuma mpaka leo.

Kwa hiyo sasa hivi nikiigiza kwenye igizo langu lazima nina mbadala anayejua nafasi yangu yote, na mapitio matatu ya mwisho anacheza yeye. La kwanza nakaa nyuma kabisa, la pili pembeni, la tatu nafumba macho nasikiliza tu kama naelewa kila neno. Hata wakubwa wanafanya. Lin-Manuel Miranda wa Marekani aliandika igizo la nyimbo la Hamilton, maneno na muziki, na akaicheza Broadway kuanzia 2015, lakini kuongoza alimwachia Thomas Kail, na alikuwa na mbadala, Javier Muñoz, kwa hiyo kuna siku aliweza kukaa na watazamaji akaiona kazi yake. Muñoz huyohuyo ndo akamrithi nafasi mwaka 2016.

HATUA YA 7: Ukumbi, umeme, vibali, tarehe
Ukumbi wa bati bila dari usiukubali Machi mpaka Mei. Umeme unaweza kukatika, kwa hiyo usitegemee muziki wa kwenye fleshi, hakikisha igizo zima linaweza kuimbwa kwa ngoma na kayamba. Kibali anzia kwa afisa utamaduni wa halmashauri mapema, sio wiki ya shoo.

Tarehe nzuri Moshi ni baada ya Krismasi, kati ya 27 na 30 Desemba, watu wote wamepanda kutoka Dar, wana hela na wana muda. Ila waigizaji wako nao wana kwao, Rombo, Machame, Marangu, kwa hiyo kubalianeni kuanzia Oktoba nani atalala mjini.

MASWALI YA WANACHAMA

Mdau wa Sakina, Arusha: Kaka mi sijui solfa wala kibodi, natunga kichwani tu. Naweza?
Jibu: Unaweza kabisa mkuu. Imba kwenye simu wimbo wote mwanzo mpaka mwisho, mpelekee mwalimu wa kwaya akuandikie na kugawa sauti. Ila kabla hajaanza andikianeni karatasi, tuni ya nani, maneno ya nani, yeye anapata nini. Nimeona marafiki wa miaka mingi wakiachana kwa kukosa hiyo karatasi moja. Kazi ikiisha iandikishe COSOTA, wale wanaoshughulikia hakimiliki.

Dada wa Usa River: Je nikichukua tuni ya wimbo maarufu nikabadilisha maneno yanayoendana na igizo langu?
Jibu: Hapana dada, bila ruhusa ya mwenyewe usifanye. Kwa sheria ya Bara haki inadumu maisha yote ya mtunzi na miaka 50 baada ya kufariki. Alafu ukiacha sheria, wimbo unaojulikana unakuja na stori yake, watu wataanza kukumbuka harusi ya binamu yao badala ya kumsikiliza muigizaji wako. Ngoma za asili ni nzuri zaidi, ila nenda kwa wazee uulize inaimbwa lini na kwa nini, kuna za msiba usije ukaziweka kwenye posa.

Mdau wa Himo: Mkuu tuseme ukweli, hii kazi inalipa?
Jibu: Igizo lenyewe mara nyingi linarudisha gharama na kinabaki kidogo. Mimi naishi kwa kufundisha kwaya mbili, kusaidia maigizo ya shule na kutunga nyimbo za matukio. Igizo kubwa moja kwa mwaka ndo linalofanya watu wajue nipo, hizo kazi nyingine zinanifuata. Usiache shamba wala duka mwaka wa kwanza.

Mama wa Shanty Town, Moshi: Mwanangu kamaliza kidato cha nne anataka hii kitu tu, asome wapi?
Jibu: Shikamoo mama. Kuna TaSUBa kule Bagamoyo, ndo ile iliyokuwa Chuo cha Sanaa tangu 1981, wanafundisha muziki, maigizo na ngoma kwa vitendo. Akiendelea mpaka kidato cha sita kuna Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Wakati anasubiri mwache aingie kwaya na ajifunze chombo kimoja, chochote. Na akiwa na igizo mama nenda ukakae nyuma, alafu mwambie ukweli ulichosikia.

Mwalimu wa kwaya, Ngaramtoni: Shoo yetu ni Jumamosi hii na sauti ya tatu hawajashika wimbo wa mwisho, kila wakifika kiitikio wanahamia ya kwanza. Nifanyeje?
Jibu: Pole mwalimu. Siku tatu hazitoshi, usiwachoshe. Kiitikio chote waimbe sauti moja, wanaume chini wanawake juu, na ile ya tatu ibaki kwenye mstari wa mwisho tu kama wanaiweza. Ngoma inyamaze kwenye huo mstari. Kesho wakiimba wewe usipige kibodi, tembea mpaka mlangoni usikilize, alafu niandikie hapa nini umesikia.